Shanga zangu za karatasi zinanata tangu nihamie Dar. Kosa ni la hewa, gundi, vanishi au karatasi?

#1 Binti Mufindi
Wakuu salaam. Naingia kwenye mada.

Nakunja shanga za karatasi, huu mwaka wa sita. Minne ya mwanzo nilikuwa Iringa mjini, miwili hii nipo Mbagala. Iringa sikuwahi kurudishiwa mkufu hata mmoja. Huku Dar tangu mwezi wa tatu nimerudishiwa kumi na moja. Lawama ni mbili tu: shanga zinagandana zenyewe kwa zenyewe kwenye mkoba, na ile ncha ya mwisho inanyanyuka, inasimama kama ulimi wa kinyonga. Mteja mmoja kanitumia picha ya kola ya blauzi nyeupe, imepigwa mihuri ya vanishi kuzunguka shingo.

Natumia kalenda za zamani za ukutani. Nakata pembetatu ndefu, kitako sentimita 2, juu inaishia ncha. Naviringisha kwenye njiti ya mshikaki nikianzia kitako, gundi nyeupe ya maji, natungika kwenye mshipi wa kuvulia usiku kucha, asubuhi vanishi mara mbili. Sijabadilisha kitu zaidi ya mji.

Mume wangu anasema ni jicho la watu. Naombeni maelezo mengine.

#2 Kitasa
Naweka kambi hapa. Chai na mihogo tayari.

#3 Mgosi wa Chumbageni
Jibu unalo mwenyewe: "zaidi ya mji." Karatasi inakunywa hewa, dada. Huko kwenu mita 1,500 na ushee kutoka baharini, baridi kavu. Huku pwani hata chumvi mezani inalia. Karatasi ikishavuta maji inavimba, ikivimba inaisukuma gundi, ncha inanyanyuka. Halafu umesema mwezi wa tatu. Masika hayo!

#4 Randa na Msumeno
Mimi seremala, nasema vanishi. Vanishi ya mafuta haikauki kama nguo kwenye kamba. Ile thina inaruka kwanza, halafu mafuta yenyewe yanakamatana na hewa taratibu, siku hadi siku. Ukipaka ya pili wakati ya kwanza haijashika, juu panafunga ngozi, chini mbichi. Ukigusa unaona kavu. Ikikaa shingoni, joto la mwili linaamsha yale ya chini. Kabati linanata hivyo hivyo, ila kabati halivaliwi.

Unanunua kopo zima au ya kupimiwa?

#5 Binti Mufindi
Asanteni. @Randa ya kupimiwa, kwenye chupa ya maji ya nusu lita. Iringa nilikuwa nanunua kopo.

@Mgosi masika ya mwaka jana yalinikuta hapa hapa Mbagala na hapakuwa na shida. Ingawa mwaka jana nilikuwa natengeneza kidogo.

#6 Kitasa
"Sijabadilisha kitu zaidi ya mji." Na vanishi. Tuendelee.

#7 Randa na Msumeno
Ya kupimiwa! Hapo ni Mungu na muuzaji. Duka moja nililokuwa nanunua walikuwa wanaikata na thina mpaka inamwagika kama soda. Milango ya mteja ilikaa wiki mbili inachukua vumbi na manyoya ya kuku. Nililipa msasa kwa hela yangu.

#8 Likoni Feri
Hiyo ya unyevu nakataa. Mimi nakunja shanga hapa Likoni, bahari naiona nikiwa jikoni, na hazinati. Mombasa na Dar ni hewa moja. Natumia majarida, si kalenda, na vanishi ya maji. Kama kosa ni hewa, mbona yangu iko sawa? Na kama ni vanishi, ile ya maji ndiyo ingefaa kusumbua zaidi huku pwani kwa kuchelewa kukauka. Nawaachia hapo.

#9 Mpiga Chapa Kariakoo
Nimefanya kazi ya uchapaji miaka 19, ngoja niongeze la tatu: hamjauliza karatasi imelala upande gani.

Karatasi ina nyuzi kama kitambaa kina uzi. Kiwandani rojo humwagwa juu ya wavu unaokwenda mbio, na nyuzi nyingi hujipanga kufuata mwendo huo. Kwa hiyo kila karatasi ya mashine ina upande unaokunjika kwa hiari na upande wenye kiburi. Na unyuzi ukinywa maji hunenepa sana, kurefuka ni kidogo mno. Ndiyo maana kitabu kilichochapwa na nyuzi zimelala vibaya huvimba mgongo wakati wa mvua hadi hakifungi.

Sasa shanga. Ukanda wako unazunguka njiti. Nyuzi zikilala sambamba na njiti, ukanda unajikunja wenyewe na kutulia. Zikilala kwa urefu wa ukanda, kila mzunguko unazilazimisha kupinda, na unyuzi usiotaka kupinda unasubiri gundi ilegee tu. Ncha inasimama. Ulimi wako wa kinyonga ndiyo huo.

Jipime: kata kipande cha mraba, lowesha uso mmoja kwa kidole, subiri. Kitajikunja kama mkeka mdogo. Nyuzi zimelala kufuata urefu wa huo mkeka. Au chana tu: upande wa nyuzi inachanika mstari ulionyooka, upande mwingine inakwenda kama imeng'atwa na panya.

#10 Likoni Feri
Nimejaribu sasa hivi na jarida. Loh. Imejikunja kweli, kwa upande niliokuwa nakata bila kujua. Miaka yote hiyo nilidhani ni mkono wangu mzuri.

#11 Binti Mufindi
Mkuu wa Kariakoo ubarikiwe. Nimejaribu kalenda tatu. Mbili zimejikunja upande mmoja, ya tatu kinyume. Na nimekumbuka kitu: Iringa nilikuwa natumia zile kalenda za karatasi moja kubwa yenye miezi yote. Huku napata zile za kurasa, kila mwezi ukurasa wake. Wanangu wa duka la jirani wananiwekea.

#12 Kitasa
Mji. Vanishi. Na kalenda. 😂

#13 Mzee wa Kisimani
Wanangu, assalaam alaykum. Mnailaumu hewa ya bahari bure. Kisiwani Pate, katika mji wa Siyu, watu wamenakili misahafu kwa mkono karne ya 18 na ya 19, na iko iliyobaki hadi leo. Rangi nyekundu, nyeusi na manjano, mapambo pambizoni, na karatasi yake ukiigeuza inalia kwa heshima. Hewa ni hiyo hiyo, chumvi ni hiyo hiyo. Karatasi ya leo haina roho, basi.

Hata jina lake ni la kale. Karatasi ni *qirtas*, na limo ndani ya Qur'ani, Surat Al-An'am aya ya 7.

#14 Nondo Mkavu
Wa alaykum salaam mzee wangu. Naomba kusahihisha kwa adabu. *Qirtas* ya wakati ule haikuwa karatasi hii tunayoijua, ilikuwa mafunjo au ngozi. Ufundi wa Wachina wa kutengeneza karatasi uliingia kwa Waislamu karne ya 8, kupitia Samarkand.

Na misahafu hiyo haikuandikwa kwenye karatasi ya hapa. Nyingi ya karatasi iliyofika pwani yetu na sehemu kubwa ya Afrika ya Waislamu ilitoka Italia, ukiipandisha kwenye mwanga unaona alama ya miezi mitatu michanga. Ile ilitengenezwa kwa matambara, vitambaa vya kitani na pamba vilivyochakaa, vikapondwa na kuchovywa kwenye gundi ya wanyama. Nyuzi ndefu, tena safi. Karatasi ya kusaga mbao ilianza kubuniwa mwaka 1844, Mjerumani Keller na Mkanada Fenerty kila mmoja kwake. Mbao ina lignini, ile gundi ya asili inayoshika nyuzi za mti, ndiyo inayoligeuza gazeti njano ukiliacha dirishani wiki mbili. Kwa hiyo mzee ana haki, hewa ni ile ile, ila karatasi siyo ile.

#15 Mzee wa Kisimani
Nimekubali la mafunjo. La roho sijaliondoa.

#16 Mgosi wa Chumbageni
Mzee, hiyo misahafu iliyobaki ndiyo iliyobaki. Iliyooza hatuioni tukaihesabu. Narudi kwenye unyevu wangu.

#17 Dk. Pilipili
Samahani kuuliza, hivi kweli kuna mtu analipa hela kwa kalenda iliyokunjwa? Karatasi ni takataka jamani. Sanaa ni kinyago cha mpingo.

#18 Nipo Kampala
@Dk. Pilipili njoo Kireka, pale Acholi Quarter. Waliokimbia vita ya kaskazini walikuwa wanaponda kokoto machimboni kwa ujira wa kudhalilisha. Shanga za karatasi ndizo zilizowatoa kinamama wengi kwenye kokoto. Shirika la BeadforLife lilianzia kwa kinamama kama hao mwaka 2004, shanga zikavuka mpaka Marekani. Kinamama wa hapa hawahesabu shanga, wanahesabu "makaratasi": bango moja linatoa ngapi. Uganda ndiyo mama wa shanga za karatasi duniani.

Na kwa mleta mada: hawapaki kwa brashi. Wanachovya mkufu mzima, wanautungika kwenye jua wakiugeuza geuza, na hawafungi kwenye mfuko kabla ya siku tatu nne.

#19 Nondo Mkavu
Mama wa biashara hiyo, sawa. Mama wa shanga zenyewe, hapana. Wanawake wa Uingereza enzi za Malkia Victoria walikuwa wanaviringisha masalia ya karatasi za ukutani na kuyatia vanishi, wakatungia mapazia ya shanga.

#20 Nipo Kampala
Hao walikuwa wanapoteza muda sebuleni. Hawa wamesomesha watoto. Nabaki na "mama".

#21 Bibi Harusi Mstaafu
@Dk. Pilipili kinyago chako cha mpingo ukikidondosha kwenye ndoo kinatoka kinyago. Karatasi inataka uijue. Hapo ndipo ufundi ulipo.

Halafu @Binti, unafanyia kazi wapi? Nje au ndani?

#22 Binti Mufindi
Ndani, dada. Iringa nilikuwa na kibaraza. Hapa chumba na sebule, natungika sebuleni juu ya makochi. Na kabla Kitasa hajaja: ndiyo, hilo nalo limebadilika.

#23 Kitasa
Sijasema kitu mimi.

#24 Chelewa
Naona mmeruka suala la gundi. Gundi nyeupe, hii ya mbao, ni plastiki iliyosagwa ndani ya maji. Maji yakiondoka inabaki utando. Utando ule ukipata joto unalegea, ukipata unyevu unalegea zaidi. Sebule ya Mbagala mwezi wa tatu, bati juu, inaweza kuwa inalegeza gundi kabla hata hujaanza vanishi. Na kalenda ina uso wa kung'aa, umepakwa udongo mweupe laini na chokaa ili picha itoke vizuri. Maji ya gundi hayapenyi hapo upesi. Usiku mmoja hautoshi. Unafungia maji ndani, halafu unapiga vanishi juu kama kifuniko cha sufuria.

Mimi utotoni tiara zetu zilikuwa za gazeti, njiti za chelewa na gundi ya ukoko wa ugali. Hazikuwahi kufunguka. Zilikuwa zinakwama kwenye waya za umeme na kufa kifo cha heshima.

#25 Likoni Feri
Ugali? Sisi punje za wali wa moto, unaisugua kwa kidole gumba. Mkia wa kanga kuukuu. Na tulikuwa tunaita kishada.

#26 Mgosi wa Chumbageni
Tiara. Kishada ni cha maua.

#27 Likoni Feri
Kishada. Kamusi ninayo hapa, yote mawili yamo, kwa hiyo nyamaza.

#28 Bibi Harusi Mstaafu
Hizo gundi za wanga ni karamu ya mende. Nilijalidi albamu ya picha za harusi kwa uji wa ngano, mwaka mmoja baadaye pembe zote zimetafunwa, picha zimelegea kama meno ya mtoto wa miaka saba. Binti, una uhakika hizo ncha hazijanyanyuliwa na mende usiku?

#29 Binti Mufindi
Sasa mmenifikisha kwenye mende 😩

#30 Ruaha Mkuu
Mimi nipo Iringa. Hewa ya huku inasaidia, sibishi, ila mkitaka kuijua karatasi muione ikizaliwa. Karakana ya Neema Crafts ya huku kwetu walianza mwaka 2003 na vijana viziwi, kazi yao ya mwanzo ikiwa karatasi ya kinyesi cha tembo. Msicheke. Tembo hamengenyi hata nusu ya anachokula, kwa hiyo nyuzi za majani na magome zinatoka nzima. Kinachemshwa, kinaoshwa na kuoshwa tena mpaka harufu inakwisha, kinapondwa kuwa rojo. Fremu yenye wavu inazamishwa kwenye beseni, unainyanyua usawa, unaitikisa mbele nyuma na kushoto kulia, maji yanachuruzika, inabaki ngozi nyembamba. Ule mtikiso ndio kazi yote. Ukitikisa pande zote nyuzi zinasokotana ovyo, hazilali upande mmoja kama alivyoeleza mkuu wa Kariakoo. Ndiyo maana karatasi ya mkono inakunjika popote bila kiburi.

Dada jaribu hata shanga chache kwa karatasi ya mkono ulinganishe.

#31 Mpiga Chapa Kariakoo
@Ruaha umeongea kitaalamu. Naongeza: hata karatasi ya mfuko wa saruji ni mali. Nyuzi zake ndefu za misonobari, ya kiwanda cha Mgololo inatokana na ile misonobari ya msitu wa Sao Hill. Haing'ai, gundi inapenya mara moja. Wanaiita kraft, maana yake kazi za mikono.

#32 Nondo Mkavu
Kraft ni Kijerumani, maana yake nguvu. Njia yenyewe ni ya Mjerumani Dahl, 1879.

#33 Mpiga Chapa Kariakoo
Miaka 19 nadanganya wanafunzi wa mazoezi. Asante.

#34 Kitasa
Na ile karatasi haikunjiki zaidi ya mara saba, ni kweli?

#35 Nondo Mkavu
Si kweli. Mwanafunzi wa California, Britney Gallivan, alikunja mara 12 mwaka 2002. Karatasi ya chooni, mstari mmoja mrefu wa kama mita 1,200.

#36 Kitasa
Mwalimu wangu wa hesabu alinichapa kwa kubishia ile saba. Naomba haki itendeke.

#37 Zuhura wa Maskati
Mabibi na mabwana, mimi mtu wa Unguja niliyeolewa Maskati, hobi yangu kukunja maua na ndege wa karatasi. Mnaiogopa sana maji. Mjapani Akira Yoshizawa, aliyefariki 2005, alikuwa anailowesha karatasi kwa makusudi kabla ya kuikunja. Karatasi nene yenye gundi ndani yake, ikilowa kidogo inakuwa kama ngozi ya kiatu, unaipinda mgongo wa tembo, mashavu ya sokwe, ikikauka inabaki vile vile. Nimejaribu na njiwa. Wa kwanza alitoka kama mbatata. Wa tano nimemtia kwenye kabati la vyombo, mwaka wa pili huu mdomo haujafunguka. Na Maskati majira ya joto ukitoka nje miwani inajaa ukungu.

Ingawa ndani ya nyumba kiyoyozi hakizimwi, nisiwafiche.

#38 Mgosi wa Chumbageni
Sentensi ya mwisho ndiyo ushahidi wangu. Asante shoga.

#39 Binti Mufindi
Wakuu, mrejesho. Nimetunga nyuzi nne za shanga, shanga 30 kila moja:

ya kwanza kalenda ya kurasa, gundi na vanishi ya kupimiwa, yaani kama kawaida yangu;
ya pili hiyo hiyo, ila nimekata nyuzi za karatasi zilale sambamba na njiti;
ya tatu nimekata vizuri, nimeacha gundi siku tatu, vanishi ya kopo jipya;
ya nne mfuko wa saruji, vanishi ya kupimiwa.

Zote zimekaa siku kumi sebuleni, kisha nimezifunga kila moja kwenye mfuko wake na kuziweka juu ya friji, kwenye joto. Leo nimefungua. Ya pili na ya tatu hakuna ncha iliyonyanyuka. Ya nne safi kabisa, ila imependeza kama kuni. Ya kwanza, ile mbovu, ile ya kawaida yangu, ncha mbili tu kati ya 30, na HAINATI.

#40 Randa na Msumeno
Haiwezekani.

#41 Mpiga Chapa Kariakoo
Ncha mbili kwa sifuri. Mimi nimeridhika.

#42 Mgosi wa Chumbageni
Siku kumi hizi mvua imenyesha lini? Jua tupu. Rudia mwezi wa nne.

#43 Bibi Harusi Mstaafu
Binti, swali la kike. Hizo nne amekunja nani?

#44 Binti Mufindi
Mimi mwenyewe.

#45 Bibi Harusi Mstaafu
Na zile kumi na moja zilizorudi?

#46 Binti Mufindi
Oda zilipoongezeka mwezi wa pili nilichukua mabinti wawili wa kunisaidia. Wanalipwa kwa idadi.

#47 Kitasa
Mji, vanishi, kalenda, kibaraza, na MIKONO. Huyu dada kabadilisha kila kitu isipokuwa mume.

#48 Chelewa
Wanaolipwa kwa idadi hawasubiri gundi. Lakini hata hivyo gundi ndiyo iliyosubiriwa au haikusubiriwa, kwa hiyo nipo pale pale.

#49 Nipo Kampala
Msiwaonee mabinti. Kinamama wa huku wengi wanalipwa kwa idadi na shanga zinafika Ulaya salama. Wafundishe kubana mizunguko ya mwisho kwa ukucha, hapo ndipo wanaoanza wanapolegeza.

#50 Binti Mufindi
Nimewaita kesho waje tukate pamoja, na mkeka wa majaribio wa mkuu wa Kariakoo nitawaonyesha. Mume wangu kasoma uzi wote, kafika kwenye #47 kacheka mpaka kamwaga chai kwenye uzi wa pili.

Halafu kuna jambo. Uzi wa tatu, ule wa kopo jipya, nimeugusa sasa hivi kabla ya kulala. Umeanza kunata.

#51 Randa na Msumeno
Kopo la aina gani? Weka picha.